Nchi ambayo unafungwa leo, unaiba wiki ijayo

KUNA mtu yuko lupango. Kesi yake haijaanza, itasikilizwa Jumatano ijayo. Na kosa lenyewe je? Bado hajalifanya! Hilo litakuja mwishoni kabisa, kesi ikishakwisha.

Usiwahi kushika kiuno msomaji wangu, mfungwa huyo si ndugu yako wala jirani yako. Ni mjumbe wa mfalme katika nchi iliyo nyuma ya kioo, nchi aliyoibuni Mwingereza Lewis Carroll katika kitabu chake cha pili cha visa vya binti Alice, kilichoingia madukani mwishoni mwa 1871. Binti anauliza swali ambalo hata wewe ungeuliza: na asipolifanya hilo kosa, itakuwaje? Malkia Mweupe anaona hapo ndipo mambo yatakuwa safi zaidi. Sasa mtu kama huyo ukitaka kubishana naye, unaanzia wapi?

Wengi wetu Alice tunamjua kwa ile katuni ya Walt Disney ya 1951, binti mwenye nywele za njano anayemfukuza sungura mwenye saa. Tunaiweka kwenye fungu la hadithi za kubembelezea watoto, mambo ya shaghalabaghala ambamo lolote linaweza kutokea. Mimi nabisha. Ukikaa chini ukaisoma polepole utaona kwamba kila kichaa wa mle ndani ana kanuni zake, na anazishika kuliko mimi na wewe tunavyozishika zetu. Kavunja moja tu, zilizobaki anazifuata kama askari gwaride. Kicheko kinatoka hapo, na woga pia.

MWALIMU MWENYE KIGUGUMIZI

Lewis Carroll lilikuwa jina la kuandikia hadithi. Jina la nyumbani ni Charles Lutwidge Dodgson, aliyezaliwa 1832, mwalimu wa hisabati katika chuo cha Christ Church, Oxford, na shemasi wa kanisa. Hakuoa, alikuwa na kigugumizi, na alipenda sana kupiga picha enzi hizo kamera ilipokuwa mzigo wa punda. Lakini kubwa kuliko yote ni kwamba alikuwa fundi wa mantiki, yaani ile elimu ya kupima kama neno hili kweli linatokana na lile, au tunalazimishiana tu.

Tarehe 4 Julai 1862 yeye na rafiki yake Robinson Duckworth waliwachukua mabinti watatu wa mkuu wa chuo chao, Lorina, Alice na Edith Liddell, wakapiga makasia Mto Thames hadi Godstow. Watoto si unawajua tena, wakataka hadithi. Jamaa akamtumbukiza Alice wa hadithi kwenye shimo la sungura, hata yeye mwenyewe akiwa hajui atakutana na nini huko chini. Alice wa kweli, wakati huo ana miaka 10, akang'ang'ania aandikiwe. Novemba 1864 akakabidhiwa daftari lililoandikwa kwa mkono, na 1865 kikatoka kitabu chenye picha za John Tenniel. Naye Tenniel alikuwa na nongwa zake: hakupenda namna picha zake zilivyochapwa, basi toleo la kwanza la nakala 2,000 likawekwa kando na kazi ikaanza upya.

Haya, tuingie shimoni.

Alice ameanguka, amerefuka, amefupika, hajijui tena yeye ni nani. Anajipima akili kwa tebo. Nne mara tano inampa kumi na mbili. Nne mara sita, kumi na tatu. Anakata tamaa, anaona kwa mwendo ule hatafika ishirini maisha yake yote.

Ukisoma harakaharaka unacheka unapita. Lakini kumbuka aliyeandika ni mwalimu wa hesabu. Sisi tunahesabu kwa makumi kwa sababu ya vidole. Hebu chukua nyanya 20 sokoni uzipange kwa mafungu ya 18: unapata fungu moja na nyanya mbili pembeni. Andika moja, andika mbili, ndiyo hiyo 12. Chukua nyanya 24 uzipange kwa mafungu ya 21, unapata fungu moja na nyanya tatu, ndiyo 13. Endelea hivyo hivyo, kila hatua fungu linaongezeka nyanya tatu, mpaka nne mara kumi na mbili inakupa 19. Hatua inayofuata ungetegemea 20, inagoma! Nyanya 52 kwa mafungu ya 42 ni fungu moja na nyanya kumi, na mafungu mawili hayapo. Kwa hiyo mtoto alisema kweli, ishirini hafiki. Waliofumbua kitendawili hicho ni watu wa hesabu waliokuja baadaye, na nikikutana nao nitawanunulia soda.

Hiyo ndiyo tabia ya nchi ile. Kinachoonekana ni upuuzi, kumbe kimebadilishwa kitu kimoja tu chini chini, mengine yote yanakwenda sawasawa.

Angalia na ile chai. Mtengeneza kofia, sungura na panya mmoja anayesinzia wamekaa mezani na saa imesimama kwenye saa kumi na mbili, kwa sababu Mtengeneza Kofia aligombana na Wakati na Wakati kamsusia. Muda wa chai hauishi, muda wa kuosha vikombe haufiki, basi wanahamahama viti kuzunguka meza. Anakaribishwa Alice aongezewe chai. Anasema hajanywa hata tone, atawezaje kuongezewa? Anaambiwa kisichowezekana ni kupunguziwa, kwa maana mtu mwenye sifuri ni rahisi mno kumwongezea. Sema wewe, hapo kakosea wapi?

HOJA YA NJIWA

Sasa kuna njiwa mmoja ambaye watu wengi wakisoma wanamruka, na mimi nataka tukae naye. Alice shingo imerefuka imepita matawi. Njiwa anapiga kelele, nyoka, nyoka! Binti anajitetea kwamba yeye ni mtoto wa kike. Njiwa anamuuliza kama amewahi kula mayai. Amewahi, bila shaka. Basi kesi imekwisha: nyoka wanakula mayai, watoto wa kike wanakula mayai, watoto wa kike ni aina fulani ya nyoka.

Kila konda wa daladala ana kelele, hilo tunakubaliana. Lakini si kila mwenye kelele ni konda, wengine ni mashemeji zetu. Kugeuza sentensi kichwa chini miguu juu ndiyo dhambi ya kwanza katika mantiki, na ndiyo tunayoifanya kila siku. Hapo tunacheka. Lakini njiwa huyu alishafika mpaka huku kwetu, akatua Shinyanga na Mwanza. Miaka ya tisini, na hata baada ya hapo, mabibi vizee waliuawa kwa mapanga kwa hoja ya njiwa: wachawi wana macho mekundu, bibi huyu ana macho mekundu, basi bibi huyu ni mchawi. Macho yalikuwa mekundu kwa moshi wa kinyesi cha ng'ombe na kuni, maisha yake yote alikuwa anapika. Aliyemkata alijiona ana akili timamu, tena ana ushahidi.

Ndiyo maana mimi sikubali mtu akiniambia habari za Alice ni za watoto.

KWA MALKIA WA KOPA

Huko ndiko kasheshe lenyewe liliko. Watawala ni karata, mfalme na malkia wa kopa, na malkia dawa yake ni moja kwa kila ugonjwa: kukata vichwa. Mchezo wao wa kugonga mpira unachezwa kwa ndege heroe badala ya nyundo na kalunguyeye badala ya mpira, wote wanacheza kwa mpigo, hakuna zamu.

Katikati ya mchezo anatokea yule paka wa Cheshire mwenye tabia ya kujifuta kidogokidogo mpaka kinabaki kicheko chake bila paka. Safari hii kimetokea kichwa peke yake, kinaning'inia angani. Mfalme amechukia, anataka kikatwe. Hapo ikazuka kesi ambayo mawakili wa mjini wangeila miezi mitatu. Mkata vichwa anasema kichwa hakikatwi kama hakuna kiwiliwili cha kukikata kutoka kwacho, na katika umri wake haanzi kujifunza kazi mpya. Mfalme anasema chochote chenye kichwa kinaweza kukatwa kichwa, aache kuleta porojo. Malkia yeye anasema jambo lisipofanyika sasa hivi atakatwa kila mtu. Waangalie vizuri hao watatu. Wawili wanabishana kwa hoja, na kila mmoja ukimsikiliza unaona ana lake. Wa tatu hana hoja ila ana amri. Nani mshindi?

Halafu mahakamani. Jeki wa kopa ameshtakiwa kuiba vikeki vya malkia. Mashtaka yamesomwa, na papo hapo mfalme, ambaye ndiye hakimu, anataka baraza litoe uamuzi, shahidi hata mmoja hajasimama. Inaletwa barua isiyo na sahihi. Mshtakiwa anasema siyo yake, mwisho hakuna jina lake. Mfalme anaruka: hapo ndipo umejiharibia! Mtu mwema angetia sahihi, kutotia kwako kunaonyesha ulikuwa na nia mbaya. Umeuona mtego? Ingekuwa na sahihi, ushahidi. Haina sahihi, ushahidi zaidi. Mlango wa kuingilia upo, wa kutokea umezibwa kwa matofali.

Alice ameanza kurefuka, mfalme anatoa kijitabu anasoma Kanuni ya 42, kwamba mtu mwenye urefu uliozidi maili moja atoke nje ya mahakama. Binti anasema kanuni hiyo umeitunga sasa hivi. Mfalme anaapa ndiyo kongwe kuliko zote kitabuni. Hapo binti anatoa konde la mantiki ambalo mimi nalipenda kuliko yote: ingekuwa kongwe kuliko zote si ingekuwa namba moja? Mfalme anabadilika rangi na kufunga kijitabu. Mara hiyo moja hoja imempiga mkubwa akanyamaza. Lakini hebu jiulize, kwa nini alinyamaza? Malkia asingenyamaza. Malkia anataka adhabu itangulie na uamuzi wa baraza ufuate nyuma, na hana habari na namba za kanuni.

KOBE ALIYEKATAA "KWA HIYO"

Jibu la swali hilo Dodgson alilitoa uzeeni, na hakuliweka kwenye vitabu vya Alice. Mwaka 1895, katika jarida la wanafalsafa liitwalo Mind, alichapisha kisa cha kurasa tatu tu cha Achilles, yule shujaa wa Wayunani, na Kobe. Sisi tuliolelewa na hadithi za Kobe tunajua kabisa kwamba huyo si mtu wa kubishana naye. Kisa chenyewe kina mambo ya jometri, nami nitakupa mfano wa uswahilini ili tuelewane.

La kwanza: mpangaji aliyelipa kodi ya miezi sita hatolewi kabla ya miezi sita. La pili: huyu amelipa ya miezi sita, stakabadhi hii hapa, na miezi sita haijaisha. Kwa hiyo hatolewi. Kobe anasema la kwanza nimelikubali kabisa, la pili nimelikubali, risiti naiona. Ila hilo la "kwa hiyo" mimi sijalikubali. Achilles anashangaa, ukikubali mawili ya mwanzo si lazima ukubali la mwisho? Kobe anasema ahaa, basi hiyo nayo ni kauli, iandike. Inaandikwa, Kobe anaikubali. Sasa zipo tatu. Anauliza tena, na nikizikubali hizo tatu nani kasema lazima nikubali la mwisho? Iandike. Zikawa nne, zikawa tano. Msimuliaji anakwenda zake benki, anapita tena pale baada ya miezi kadhaa, Achilles bado amekaa juu ya gamba la Kobe anaandika, na daftari linaelekea kujaa.

Kobe hajasema uongo hata mara moja, na wala hajapinga ukweli wowote. Amekataa tu kusogea. Na hakuna kauli utakayoiongeza ikamsogeza, maana kila unayoiongeza anaipokea na kuiweka mfukoni. Mantiki ina nguvu kwa yule aliyekubali kubanwa nayo. Mfalme wa kopa alikuwa na aibu kidogo, ndiyo maana namba moja ilimbana. Mwenye nyumba akiamua kuwa Kobe, stakabadhi yako ifungie maandazi.

Kuna na yule yai aliyekaa juu ya ukuta, Humpty Dumpty, katika kitabu cha pili. Huyo anajipa haki ya kulibebesha neno maana yoyote aitakayo, na neno likifanya kazi nzito analilipa ziada. Jumamosi usiku maneno yanakuja kupanga foleni ya mshahara. Nacheka kila nikikumbuka. Lakini nimeshakaa kwenye vikao ambavyo "mchango wa hiari" ulikuwa na kiwango na tarehe ya mwisho, na nikajua yai lile lina watoto.

Na Malkia Mweupe anapotangaza nafasi ya kazi! Anataka kumwajiri Alice awe mtumishi wake wa ndani, mshahara peni mbili kwa wiki na jamu kila baada ya siku moja. Jamu ilikuwepo jana, na kesho itakuwepo. Leo haipo, na leo haitakuwepo kamwe, kwa sababu kila siku unayoamka inaitwa leo. Nilipomaliza kidato cha nne nilizunguka na bahasha ya kaki mpaka soli ikaisha. Ofisi moja, jina naliweka kapuni, ilitaka kijana asiyezidi miaka 22 mwenye uzoefu wa miaka mitano. Karani akaniambia njoo kesho. Nilikwenda kesho, nikakuta imegeuka leo. Malkia angenielewa.

ALICE AKIJA USWAHILINI

Lugha yetu ilimpokea binti huyu zamani. Mwaka 1940 Sheldon Press ya London ilitoa "Elisi katika Nchi ya Ajabu", tafsiri ya St Lo Conan-Davies, na humo Elisi amechorwa msichana wa Kiafrika. Mwaka 2015 ikatoka nyingine, "Alisi Ndani ya Nchi ya Ajabu", ya Ida Hadjivayanis. Kazi ya watafsiri hawa naionea huruma, maana nchi ya Carroll imejengwa kwa matofali ya Kiingereza na kila lugha ina mahali pake pa kuvunjika.

Nakupa mfano kutoka kitabu cha pili. Mfalme Mweupe anamuuliza Alice anamwona nani barabarani. Kiingereza kina neno zima lenye maana ya "si mtu yeyote", linakaa kwenye sentensi palepale linapokaa jina la Juma au Asha. Alice analitumia. Mfalme anaona wivu, macho gani hayo yanayoweza kumwona huyo Si-Mtu, tena kwa umbali ule! Baadaye mjumbe anasema hakumpita mtu, na mfalme anaanza kupiga hesabu za Si-Mtu anayetembea polepole. Sasa jaribu kwa Kiswahili. Tunasema "simwoni mtu", na ule ukanusho umekaa ndani ya kitenzi, haushikiki. Hakuna kiti cha kumkalisha huyo bwana. Mfalme angeduwaa tu. Pengo hilo kwetu limezibwa na lugha yenyewe, ingawa yapo mengine mengi tuliyoyaacha wazi.

Lakini kimoja kinatuingia barabara, kitendawili. Pale kwenye chai Mtengeneza Kofia anatega: kunguru na meza ya kuandikia vinafanana nini? Alice anahangaika, anashindwa, anaomba jibu. Hata mtegaji hana! Kwa sisi hiyo ni jinai. Kwetu ukishindwa unatoa mji, mwenzako anaupokea, anakwenda, anastarehe, halafu anatoa jibu. Huyu amekula mji wa watu bure.

Wasomaji walimsumbua Dodgson miaka 30. Krismasi ya 1896 akaandika utangulizi mpya wa kitabu, akakiri kwamba kitendawili hakikuwa na jibu tangu kilipotungwa, kisha akatoa moja alilolifikiria baadaye, la kuchezea maneno ya Kiingereza, ambalo kwa Kiswahili halina ladha. Januari 1898 akafariki dunia. Kwa hiyo upande wetu kunguru bado yuko juu ya bati na meza iko ndani. Mji nimeshatoa, nimetoa Mpwapwa. Nangoja.